Jengo la Muda Uliopinda Linapokataa Kusimama: Dalili, Vyanzo na Marekebisho

Mwongozo huu ni wa anayebuni mtindo wa ujenzi kwa ajili ya ulimwengu ambao muda wake haunyooki: mwandishi wa hadithi, mchoraji, mtengeneza michezo ya kompyuta. Michoro unayo, majina ya vyumba unayo, pengine na sura tatu umeshaandika, lakini kuna kitu hakikai. Tafuta dalili inayofanana na yako, soma chanzo chake, kisha rekebisha kwa mpangilio uliotolewa.

Karibu kila kasoro iliyomo humu inaanzia mahali pamoja. Muda umechukuliwa kama rangi ya kupaka ukutani, wakati ulipaswa kuwa mzigo. Jengo linabeba uzito wa paa, linabeba upepo, linabeba mvua. Katika ulimwengu wako linabeba na muda pia, na mtindo wake ni namna linavyoubeba.

Kabla ya kugusa chochote

Chukua karatasi moja, andika mistari minne. Wa kwanza: muda unafanya nini? Unaenda kasi, unapungua mwendo, unarudi nyuma, au unajirudia? Chagua kimoja. Wa pili: mpaka uko wapi hasa, kwenye sakafu, kwenye ukuta, au kwenye kizingiti cha mlango? Wa tatu: uwiano ni upi, kwa namba? "Ndani muda huenda haraka" haitoshi. Andika "siku 1 nje ni siku 8 ndani". Wa nne: nini kinavuka mpaka, na kinavukaje? Orodhesha mtu, mwanga, sauti, hewa, maji na mzigo.

Karatasi hii isipojazwa, usiendelee. Marekebisho yote yanayofuata yanaitegemea.

Kwa mifano tutatumia mtindo uliobuniwa kwa ajili ya mwongozo huu tu. Tuuite Tumba, kwa sababu nyumba zake zimefumbatana kama ua ambalo halijachanua: ukuta ndani ya ukuta, mizunguko mitatu ya kuta kuuzingira moyo mmoja. Tuseme siku moja inapita uani, nje ya kuta zote. Ndani ya mzunguko wa kwanza zimepita siku 2, ndani ya wa pili siku 4, na ndani ya wa tatu, yaani moyoni, siku 8. Namba hizo zishike, zitarudi.

Dalili: ukiondoa saa zilizochorwa ukutani, linabaki jengo la kawaida

Jipime hivi. Futa kwenye mchoro kila gurudumu, kila mshale wa saa, kila herufi ya ajabu na kila kioo kinachong'aa. Mtu mwingine akitazama kilichobaki, atajua kwamba muda hapa una tabia yake? Kama hajui, ugonjwa ni huu.

Chanzo ni kwamba mapambo yametangulia kazi. Mitindo halisi haikuzaliwa hivyo. Matao yaliyochongoka na nguzo za nje za kuegemeza kuta, ambazo leo tunaziona kama uso wa makanisa ya Kigothi, zilikuwa jibu kwa swali moja gumu: paa la mawe linasukuma kuta nje, na mjenzi anataka kuta hizo ziwe za vioo. Nyumba za mawe za Lamu zina vyumba vyembamba na virefu kwa sababu boriti ya mkoko inafika takriban mita 2.5 hadi 3 tu kabla ya kuanza kulalamika chini ya dari la mawe na chokaa. Upana wa boriti ukawa upana wa chumba, na upana wa chumba ukawa sura ya maisha yote ya ndani.

Kwa hiyo anza na vifaa vya ujenzi. Chora jedwali: vifaa upande mmoja, tabia za muda upande mwingine, na katika kila kisanduku uandike kinachotokea. Mfano kwa Tumba:

Zege hupimwa nguvu yake likifikisha siku 28. Likimwagwa moyoni, uani zimepita siku 3 na nusu. Mbao ngumu, kwa kipimo cha kimazoea cha mafundi, huhitaji karibu mwaka mmoja wa kukauka hewani kwa kila milimita 25 za unene. Ubao wa milimita 50 ni miaka miwili, na moyoni ni miezi 3 ya uani. Chokaa hukomaa kwa kunyonya kaboni dioksaidi kutoka hewani, na ndani ya ukuta mnene kazi hiyo huchukua miaka. Moyoni inakwenda mbio, ila kwa sharti kwamba hewa inafika. Kuta za ndani kabisa za nyumba iliyofungwa sana zinaweza kuwa na miaka 80 na bado katikati chokaa yake ni laini.

Tazama jedwali hilo limeshakupa nini. Moyo wa nyumba ya Tumba ulikuwa karakana kabla haujawa chumba. Watu walikausha mbao humo kwanza, ndipo baadaye wakalala humo. Tayari una historia, na hujachora pambo hata moja.

Dalili: ghorofa zina kasi tofauti za muda, lakini watu wanachungulia na kuongea kutoka ghorofa hadi ghorofa bila shida

Hili ndilo kosa linalojitokeza zaidi, na ndilo lenye utamu mwingi ukilifanyia kazi, kwa hiyo tulikalie.

Wazo la mnara ambao juu muda huenda haraka si la kubuni tupu. Katika ulimwengu wetu huu huu saa iliyo juu huenda kasi kidogo kuliko iliyo chini, na mwaka 2010 watafiti nchini Marekani walilipima jambo hilo kwa saa mbili zilizopishana kimo cha sentimita 33 tu. Tofauti ni ndogo mno kwa mtu kuihisi. Wewe umeikuza ikawa mara 2, na ukiikuza, vitu vingine vinakua nayo.

Sauti kwanza. Mtu aliye kwenye muda wa kasi mara 2 anapoimba, mawimbi ya sauti yake yanamfikia msikilizaji wa upande wa taratibu yakiwa yamebanana mara 2. Wimbo unasikika oktavo moja juu na unakwisha kwa nusu ya muda wake. Kwa upande wa pili, anayesikiliza kutoka kwenye kasi anasikia mngurumo mzito unaojivuta. Hakuna mazungumzo hapo. Kuna amri fupi, kengele na maandishi.

Mwanga unafuata sheria hiyohiyo. Jicho letu linaona mawimbi ya takriban nanomita 400 hadi 700. Uwiano wa 2 unaugeuza wekundu wa 700 kuwa 350, ambao hauonekani kabisa. Anachokiona mtu wa upande wa taratibu akichungulia upande wa kasi si rangi za chumba kile. Ni mwanga wake wa infraredi, ambao kwa kawaida jicho haliuoni, uliopandishwa hadi kuonekana. Mavazi mekundu hayapo tena. Sufuria ya moto iliyokuwa nyeusi huenda ikawa inawaka.

Halafu joto, na hapa ndipo watu wako wanaungua. Ukuta wa nyuzi 27 za selsiasi unatoa mnururisho wa takriban wati 460 kwa kila mita ya mraba. Ukivuka kwenda upande wa taratibu, kila chembe ya mwanga inabeba nishati mara 2, na chembe zinafika kwa kasi mara 2. Jumla ni mara 4, yaani wati 1,840. Jua kali la adhuhuri ni kama wati 1,000. Dirisha la kupendeza ulilolichora kati ya sebule na chumba cha wazee ni jiko.

Una njia tatu za kulitibu, nasi tunazipanga kwa ubora.

Ya kwanza, na iliyo bora, ni kuuacha ukweli huo uunde nyumba. Hakuna madirisha ya kutazama ndani, wala mashimo ya ngazi yaliyo wazi. Ule uwiano wa 2 unagawanywa kwenye milango minne iliyofuatana, kila mmoja ukibeba takriban 1.19. Kwa kila mlango mmoja, wati 460 zinakuwa 650 hivi, joto la kusimama karibu na ukuta uliopigwa na jua. Oktavo moja ina nusutoni 12: sauti inapanda nusutoni 3 kwa kila mlango, na milango minne inatimiza oktavo. Mtoto aliyekulia kwenye nyumba ya Tumba anajua mama yake yuko nyuma ya mlango wa ngapi kwa kusikia tu ameitwa kwa noti ipi. Kitu kama hicho huwezi kukifikiria mpaka umepiga hesabu.

Ya pili ni kupunguza uwiano. Kwa 1.02 kwa ghorofa, joto na rangi havisumbui, na ghorofa 10 zinakupa 1.22: anayeishi juu kabisa anazeeka miaka 61 wakati wa chini anazeeka 50. Inatosha kwa hadithi ya ndugu wawili, haitoshi kwa vita.

Ya tatu ni kutamka kwamba katika ulimwengu wako mwanga na sauti vinajirekebisha vyenyewe mpakani. Inaruhusiwa, mradi uiandike kwenye ile karatasi na usiivunje. Lakini utakuwa umeitupa mbegu nzuri kuliko zote.

Nuru ya jua nayo inafuata mkondo huo kwa kinyume, kutoka uani kuingia ndani. Jua lina rangi ya kitu chenye joto la kelvini 5,800 hivi. Ukiwa kwenye mzunguko wa kwanza na paa likawa wazi, unaliona kama kelvini 2,900, njano ya balbu ya waya, na nguvu yake ni robo. Kwenye mzunguko wa pili ni 1,450, wekundu wa kaa la moto, nguvu ni sehemu moja ya 16. Moyoni ni 725, giza kwa macho, na mchana mmoja unachukua siku 4 za humo. Basi usichore uwazi wa paa juu ya moyo ukidhani utaleta mwanga kama ule wa kuba la Pantheon la Roma. Moyo wa Tumba huwashwa taa. Na kuta za mzunguko wa kwanza hupakwa chokaa nyeupe kabisa, kwa sababu huko kila tone la nuru lina thamani.

Dalili: mtu anapanda ngazi kupita mpaka wa muda, na hujui mwili wake unafanya nini

Chanzo: umeweka mpaka mlalo, sambamba na sakafu. Anayepanda ngazi hupanda kama sentimita 30 kwa sekunde. Mwili wa mita 1.7 unachukua karibu sekunde 6 kuvuka, na muda wote huo kichwa kinaishi mara 2 ya moyo unaokipelekea damu. Akivuka tu, kizunguzungu. Akisimama katikati kuzungumza na jirani, anazimia.

Mpaka wa muda usimame wima, uuweke kwenye unene wa ukuta. Mtu anayetembea mita 1.2 kwa sekunde anapitisha unene wa mwili wake, sentimita 30, kwa robo sekunde. Ndiyo maana Tumba ni nyumba ya kuingia, si nyumba ya kupanda. Kama tayari una mnara na hutaki kuupoteza, weka ngazi katika eneo lenye kasi moja, nje ya kiini cha mnara, na mlango wa kuvukia kila kituo.

Vipimo vya mahali pa kuvukia, tukichukulia milango minne:

Kati ya mlango na mlango kuna daka la mita 1.5, ambalo linamtosha mtu na mzigo kichwani au kitoto mkononi, na mlango wa nyuma ukafungwa kabla wa mbele haujafunguliwa. Upana wa mlango sentimita 80, usizidi, ili watu wasipishane. Ukuta wenye mpaka unene wake sentimita 60, na ubao wa mlango uwekwe usawa wa mpaka wenyewe, katikati ya unene. Ukiuweka ukingoni, mtu ataegemea fremu na bega moja litazeeka. Hakuna baraza ndani ya daka, wala kishubaka cha kuwekea taa. Hapa si mahali pa kukaa, na jengo linapaswa kusema hivyo bila kibao.

Ngazi zikibidi ndani ya eneo moja, shika kanuni ya zamani ya mafundi: vimo viwili vya kidato ukijumlisha na kina chake viwe sentimita 60 hadi 64. Kimo cha 17 na kina cha 29 kinakupa 63. Vidato vyote viwe sawa. Mguu hujikwaa kwenye tofauti ya sentimita moja.

Sasa lile swali la mbao. Boriti ya mita 4 inafikaje moyoni, ikiwa kila daka ni mita 1.5 na milango haifunguliwi miwili kwa pamoja? Haipiti mlangoni. Juu ya kila mlango kuna tundu la mraba, sentimita 30 kwa 30, yote yakiwa kwenye mstari mmoja ulionyooka kutoka uani hadi moyoni. Boriti inasukumwa humo, na nafasi inayobaki inazibwa kwa vitambaa vilivyolowa udongo. Ndiyo sababu ujia wa Tumba haupindi hata mara moja, ingawa nyumba yenyewe ni ya mviringo. Tazama mlango mmoja kwa karibu: juu ya kizingiti kuna mraba, kingo zake za chini zimelika kwa boriti mia zilizoburutwa, na upande wa kulia jiwe limebadilishwa kwa sababu liliwahi kupasuka. Katika nyumba za karne za baadaye, ambazo hazikaushi mbao tena, mraba upo bado, lakini umezibwa na kuchongwa maua.

Hilo ndilo pambo. Vitruvius, mwandishi wa Kirumi, alieleza hivyohivyo kuhusu vibao vyenye mifereji kwenye mahekalu ya Kidoriki, mtindo wa kale wa Wagiriki: ni kumbukumbu ya ncha za boriti za mbao, iliyohamia kwenye mawe. Pambo lako likiwa na kazi iliyokufa nyuma yake, litaaminika. Na katika ulimwengu ambao muda hupinda una nafasi ambayo mjenzi wa kawaida hana: pambo linaweza kuwa kumbukumbu ya kazi ambayo bado haijaanza.

Dalili: maji, chakula na taka havina maelezo

Kasoro ndogo kwa sura, ila wasomaji makini huikamata mapema. Aliye moyoni anaishi siku 8 kwa siku moja ya uani. Akihitaji lita 20 kwa siku, uani lazima zitoke lita 160 kwa siku kwa ajili yake peke yake. Sahani zake 3 za chakula ni 24.

Bomba nalo lina hesabu yake. Maji yanayovuka hayaongezeki wala hayapungui. Lita 80 kwa dakika za uani zinafika moyoni zikiwa lita 10 kwa dakika za humo. Kwa mwendo wa mita 1.5 kwa sekunde, bomba la uani linahitaji kipenyo cha milimita 34, la moyoni 12 tu. Ukichora bomba la ukubwa mmoja, maji yatajivuta ndani kama yanayochuja. Maji machafu yanafuata mgawanyo huohuo kwa kurudi: mfereji mwembamba ndani, mpana nje. Mfereji wa uani wenye upana wa ajabu kwa nyumba ndogo ni ishara nzuri ya kumpa mgeni anayewasili: humo ndani kunaishiwa siku nyingi kuliko uani.

Dalili: jengo zima lina umri mmoja

Michoro ni safi, mawe yote yanalingana, mtindo umeanza ukiwa kamili. Kwa ulimwengu wa muda uliopinda hili ni kosa kubwa kuliko popote, maana msomaji alikuja kuutazama muda.

Mnara wa Pisa ulianza kujengwa mwaka 1173, ukasimama 1178 baada ya kuanza kuzama upande mmoja, na kazi ikarudi 1272. Mafundi wa awamu ya pili walijaribu kuunyoosha kwa kufanya upande mmoja wa ghorofa za juu kuwa mrefu kuliko mwingine. Matokeo yake mnara haukuinama tu, umejikunja, na mkunjo huo ni mabishano ya vizazi yaliyogandishwa kwenye mawe. Kanisa kuu la Cologne, Ujerumani, lilianza 1248, kazi ikakoma karne ya 16, na kreni ya mbao ikabaki juu ya mnara usiokamilika kwa zaidi ya miaka 300. Ujenzi ulimalizika 1880. Watu walizaliwa na kufa wakidhani kreni ni sehemu ya mji. Katika msikiti mkuu wa kale wa Córdoba, Hispania, ulioanzishwa karne ya 8, nguzo zilitoka kwenye majengo ya kale na zilikuwa fupi mno kwa ukumbi mpana, kwa hiyo matao yakajengwa kwa tabaka mbili, moja juu ya jingine. Uhaba ukazaa moja ya sura nzuri kuliko zote za usanifu.

Marekebisho: ipe nyumba yako mikono mitatu. Mkono wa kwanza ulijenga kwa vifaa gani na ukaacha wapi? Wa pili ulirekebisha nini vibaya? Wa tatu uliazima nini kutoka jengo lililoanguka? Kisha weka alama moja ya kila mkono, inayoonekana, katika chumba ambamo mhusika wako anakaa muda mrefu.

Usisahau kuanguka. Kuba la Hagia Sophia, kanisa la kale la Istanbul, la mwaka 537 liliporomoka 558, likajengwa upya likiwa limeinuka zaidi ili lisisukume kuta sana. Dari la mawe la kanisa kuu la Beauvais, Ufaransa, liliporomoka kwa sehemu mwaka 1284, na lilipojengwa upya nguzo ziliongezwa katikati ya zile za zamani. Mtindo ambao haujawahi kuanguka hauna kanuni, una bahati. Kwa Tumba, tuliamua kwamba nyumba za kwanza ziliunganisha kuta za mizunguko kwa boriti zilizopita kutoka ukuta hadi ukuta. Upande mmoja wa boriti ukaoza mara 2 ya mwingine, na paa likainama kuelekea moyoni. Tangu hapo kila mzunguko una kuta zake mbili, zimeachana sentimita 5, na hakuna ubao unaovuka.

Dalili: muda ukirudi nyuma, hujui kama jengo linabomoka au linakuwa jipya

Chanzo: hujaamua kinachorudi. Kuna mambo mawili tofauti hapa, na kuyachanganya ndiko kunakoharibu.

Kama ni kitanzi, yaani kila alfajiri vitu vinarudi vilivyokuwa alfajiri iliyopita, basi urefu wa kitanzi unachagua vifaa. Kitanzi cha saa 24 hakikubali chokaa, maana haikomai kamwe. Wala zege, wala lipu. Kinachofaa ni kinachoshika papo hapo: kamba, kabari, mbao za kuchomekana, mawe ya kupanga makavu. Kuta za Great Zimbabwe zilijengwa kwa vipande vya matale bila chokaa yoyote, na kuna zinazofika takriban mita 11. Kwa hiyo udhaifu si lazima. Panga hatua za siku: jiwe la kwanza alfajiri, paa kabla ya jua kutua, na tamka ni nini kisichorudi. Lazima kiwepo kitu, hata kama ni kumbukumbu ya fundi tu, la sivyo hakuna mtindo unaoweza kukua.

Kama ni mwelekeo wenyewe uliogeuka, mpangilio wa kazi unageuka nao, paa kwanza, msingi mwisho. Watu hudhani hili haliwezekani kuchorwa. Tazama Lalibela, Ethiopia. Kanisa la Bete Giyorgis lilichongwa kutoka kwenye mwamba mmoja kuelekea chini: paa lilikamilika kabla sakafu haijakuwepo, na madirisha ya juu yalitangulia milango. Hakuna aliyepandisha jiwe. Kazi yote ilikuwa kuondoa. Jengo la muda wa kinyume lisome hivyo. Alama za patasi ziwe za zamani zaidi juu, vifusi vitoke kupitia mlango, na kosa la juu lisiweze kusahihishwa, kwa sababu hakuna mahali pa kuongeza.

Dalili: nyumba zote za mtindo huu ni za matajiri

Chora ya maskini. Kama mizunguko mitatu na milango 12 ni ghali, mwenye kidogo ana mzunguko mmoja na milango miwili, na anavumilia joto kali la mpakani. Kovu jekundu la shavu la kulia, upande unaotangulia mlangoni, litamtambulisha popote aendapo. Chora pia ya kukodi, ya muda mfupi, na iliyoachwa bila kumalizika. Mtindo unajulikana zaidi kwenye nakala zake mbovu kuliko kwenye kasri.

Dalili: msomaji au mchezaji anapotea

Kwa kawaida tatizo si ramani. Ni kwamba kila chumba kinatangaza muda wake kwa njia tofauti. Chagua ishara moja tu na uirudie: kwa Tumba ni rangi ya nuru, nyeupe uani, njano ya balbu, wekundu wa kaa, kisha taa. Mhusika akifungua macho, sentensi moja inatosha kusema yuko wapi. Jaribu kwa kumpa mtu asiyejua kazi yako kurasa mbili bila ramani, na umwombe achore mpango wa nyumba kwa kumbukumbu. Asipoweza kupanga vyumba kwa kasi zake, punguza ishara, usiongeze maelezo.

Dalili: jengo ni zuri, lakini hakuna anayelitunza

Hapa hesabu ni fupi na matokeo ni makubwa. Lipu inayodumu miaka 5 itadumu moyoni miezi 7 na nusu ya uani. Paa la moyo linaisha mara 8 kabla la uani halijaisha mara moja. Basi nani anaingia kulipaka upya, na anatoka na umri gani? Fundi aliyefanya kazi moyoni kwa mwezi mmoja wa uani ametumia miezi 8 ya maisha yake.

Msikiti mkuu wa Djenné, Mali, uliojengwa kwa udongo na kusimama kwa umbo lake la sasa tangu 1907, hupakwa upya kila mwaka na wakazi wote, na vijiti vya mitende vinavyochomoza kwenye kuta zake ndivyo wanavyokanyaga wakipanda. Jukwaa la ukarabati limekuwa uso wa jengo. Mahekalu ya Ise nchini Japani hujengwa upya kila baada ya miaka 20 kwenye kiwanja cha jirani, na mara ya mwisho kazi ilikamilika 2013. Jengo ni jipya, ufundi ni wa kale.

Kwa jengo lako, fanya mambo matatu. Andika orodha ya vinavyochakaa na kila kimoja kinabadilishwa baada ya muda gani wa uani. Weka kwenye mchoro mahali pa kudumu pa fundi kukanyagia, kufunga kamba na kuchanganyia chokaa. Kisha amua deni la umri linalipwaje. Kwenye nyumba za Tumba, kando ya mlango wa mwisho kabla ya moyo, kuna vishimo vidogo vilivyotobolewa ukutani kwa mistari, kimoja kwa kila mwezi ambao fundi ameuacha humo. Upande wa kushoto ni vya waliotoka. Upande wa kulia ni vya walioamua kubaki, na mistari yao ni mirefu zaidi.